Kaka wa Kulazimishwa

Mambo yaliharibika Jumanne, tarehe 11 Machi 1958, pale wakaguzi wa filamu hapa Madrid walipoamuru wapenzi wawili katika filamu ya Eloy Barrientos wageuzwe kaka na dada. Picha zibaki, maneno yabadilishwe; akikataa, filamu yake ya kwanza haitaonyeshwa kamwe. Wakubwa ndivyo walivyo: wanachokikosa nyumbani kwao hukipiga marufuku mitaani.

Eloy aliteremka kituo cha treni cha Callao akifoka peke yake, akamparamia dada mmoja mwenye koti la kijani na midomo myekundu.

"Wee bwana! Macho umeyaacha nyumbani?"

Sauti ile! Nzito kidogo, ya moto kama chokoleti ya asubuhi.

"Sema tena," Eloy akaomba.

"Nikutukane mara mbili? La pili unalipia!"

Aliitwa Casilda, na kazi yake ilikuwa kuwatilia sauti waigizaji wa sinema. Kufikia kiangazi walikuwa wakitembea barabara ya Gran Vía wameshikana mikono, naye Eloy akampa kazi ya kumtilia sauti yule mpenzi aliyegeuzwa dada.

Siku ya kurekodi, Eloy, ambaye mwenyewe hakuthubutu kukataa amri, alitarajia Casilda agome. Casilda akasogelea maikrofoni, akasema kama walivyoamuru: "Kaka yangu, usiniache."

Eloy akatoka, akabamiza mlango. Simu za Casilda hakuzipokea, hadi siku moja akachoka, akapokea.

"Umewauzia sauti yako, Casilda!"

"Mjinga wangu, uliisikiliza lakini?"

"Nilisikia 'kaka'!"

"Basi hukusikia kitu. Siku ya kwanza ya filamu njoo, ukae kimya, kama unaweza."

Akaenda. Ukumbi ulifurika, wakaguzi wakiwa safu ya mbele na suti zao nyeusi. Sauti ya Casilda ilipofika kwenye "kaka" ile, iliivuta polepole, pumzi ikikatika, hata wanaume wakalegeza tai. Kisha mama mmoja akafunga upepeo wake wa mkononi na kupaza sauti: "Kaka gani huyo, binti? Mbusu tu!"

Ukumbi ukalipuka kwa vicheko na makofi. Wakaguzi wangemshtaki nani? Maneno yalikuwa yao wenyewe.

Nje, Eloy alivua pete ya marehemu mama yake kwenye kidole cha mwisho.

"Nisamehe, roho yangu. Nikuoe?"

"Ulichelewa wapi?" Casilda akaivaa, akambusu mbele ya polisi waliowatoza faini wanaobusiana barabarani. Kisha akamshika kola.

"Lakini Eloy, watu wamesisimuliwa na sauti yangu, wakaupigia makofi uso wa mwingine. Filamu ijayo utauonyesha wangu?"