Mfupa wa Juu ya Jicho

Kila jioni, akishavua sare ya shule, Eseza alikwenda nyuma ya nyumba kumsaidia baba yake. Mzee Baluku alifyatua matofali ya matundu, yale ya kupitisha hewa ukutani. Kazi ya Eseza ilikuwa kukwangua saruji iliyovujia kwenye maungio ya kalibu, lile umbo la kufyatulia matofali. Kisu chake kilikuwa butu, hata ndizi mbivu ingekishinda, lakini mkono wake ulikuwa mwepesi. Akiona kijiti cha saruji kimekatiza kwenye tundu, alikivunja papo hapo.

"Tundu ibaki wazi," baba alizoea kusema.

Mwaka huo Mwalimu Kellen, aliyefundisha sayansi darasa la sita katika shule yao mjini Kasese, alileta darasani fuvu la dinosaria. Halikuwa fuvu lenyewe, bali nakala ya plasta aliyoazima Kampala. Dinosaria huyo hakuzidi mbwa kwa ukubwa, na alikula majani. Fuvu lake lilienea katika viganja viwili. Mbele ya taya palikuwa na mdomo mgumu kama wa kobe, wa kukatia majani. Pembeni palikuwa na meno madogo yenyewe yakiwa na umbo la jani, na juu tundu kubwa la jicho.

Eseza na rafiki yake Aciro walichaguliwa kwenda kulieleza fuvu hilo kwenye maonyesho ya sayansi katika mji wa Bwera, mpakani mwa Kongo. Aciro alitoka Gulu miaka miwili nyuma, baba yake alipopata kazi katika kiwanda cha saruji. Tangu hapo wasichana hao walikaa dawati moja, na hindi la kuchoma walilivunja katikati. Sasa mkataba wa baba yake ulikuwa ukiisha.

"Mi nataka nieleze huyu mnyama Bwera," Aciro alisema. "Halafu hata tukihama, sawa."

Alhamisi, Aciro, aliyetunza ufunguo wa kabati, alimwachia Eseza fuvu alipanguse vumbi, akaenda kuchota maji. Eseza akaona kijiti chembamba kimeanzia ukingo wa mbele wa tundu la jicho, kikakatiza juu yake. Mkono haukungoja kichwa kifikiri. Tak! Kikavunjika. Ndipo alipotazama mchoro ukutani, akakiona kijiti kile kile kimechorwa na kuandikwa: mfupa wa juu ya jicho. Alikificha kwenye mkebe wake wa hesabu, akalirudisha fuvu kabatini.

Kesho yake Mwalimu Kellen aliliona pengo.

"Ufunguo ulikuwa kwa nani?"

"Kwangu, Mwalimu. Lakini sikuvunja mimi," Aciro akajibu, kisha akageuka kumtazama Eseza.

Alimtazama kwa muda mrefu. Eseza aliinamia dawati, akajifanya anasoma.

"Kuharibu, kisha kusema uongo," Mwalimu alisema. "Bwera hutakwenda."

Aciro hakumtaja mtu. Alikaa, akafunika uso kwa mikono, na wenzake wakaanza kunong'ona kwamba ni mwongo. Eseza aliumia, lakini kinywa chake hakikufunguka, wala wiki iliyofuata hakikufunguka.

Jumamosi ya maonyesho, Eseza alisimama peke yake nyuma ya meza. Mzee Sosthène, mfanyabiashara wa vitenge aliyevuka mpaka kutoka Kongo, alisogea akalitazama fuvu kwa makini.

"Mutoto, hapa juu ya jicho kumevunjika nini?"

Eseza alikuwa na jibu tayari, la uongo. Badala yake machozi yakamtoka. "Kulikuwa na mfupa, baba. Mimi niliuvunja."

Akamgeukia Mwalimu Kellen, aliyesimama meza ya jirani, akafungua mkebe. "Nilifikiri ni kama saruji imevuja kwa kalibu, Mwalimu. Aciro hakufanya kitu. Niliogopa."

Mwalimu alikichukua kile kijiti, akakilinganisha na pengo. Kisha akasema, "Na mimi nilimhukumu bila kuuliza vizuri. Twende tukamwombe msamaha."

Walirudi Kasese alasiri ile ile. Mlango wa kina Aciro ulikuwa wazi na chumba kitupu. Mama Feresita, jirani, alikuwa akifagia kizingiti.

"Mumechelewa," alisema. "Walipanda basi ya asubuhi. Yule mutoto alilia sana, anasema anaondoka na jina la mwongo."

Eseza aliketi chini pale pale na kulia mpaka sauti ikamkauka.

Jumatatu, mbele ya shule nzima, Eseza alisema ukweli mwenyewe, na Mwalimu Kellen akakiri kosa lake. Mfupa uligundishwa. Kisha Mwalimu alimpigia simu baba yake Aciro, akampa Eseza aongee.

"Nisamehe, Aciro."

"Nilijua ni wewe," Aciro alisema. "Nilikuwa nangoja useme."

Simu ikakatika. Mwalimu Kellen alimshika Eseza begani.

"Kuvunja mfupa lilikuwa kosa la mkono tu, ningekusamehe siku ile ile," alisema. "Lakini uliponyamaza, mwenzako aliubeba mzigo wako. Ukikosea, sema mapema, wakati uliyemkosea bado yupo karibu."

Eseza alirudi darasani. Alikaa upande wake wa dawati, na kwenye ule mwingine hakuweka hata kitabu mpaka muhula ulipokwisha.