Mto Ulipofungwa na Mchanga

Mto wetu ni mfupi. Unatoka vilimani, unapita chini ya daraja, unazunguka nyumba zetu, kisha unaingia baharini. Wakati wa mvua una nguvu. Kiangazi unachoka. Mawimbi yanarundika mchanga kwenye mlango wake mpaka unazibika kabisa. Hapo maji hayana pa kwenda. Yanapanda taratibu, kama mgeni asiyebisha hodi.

Asubuhi moja yaliingia chooni. Mkwe wangu aliita kutoka uani.

"Mama, watoto wasichote hapa! Choo kimefurika, na maji ni haya haya."

Mume wake ni mwanangu wa mwisho. Tunamwita Fupi, maana ni mrefu kama nguzo ya umeme. Alichukua beleshi.

"Wapi na hilo?" mkewe akauliza.

"Kuufungua mto. Au mnataka tulale tukiogelea?"

Hakuna aliyecheka. Mwaka juzi kaka yake alikwenda hivyo hivyo. Sisi huku tunachimba mtaro katikati ya fungu la mchanga, upana wa mtu mmoja. Mtu wa mwisho anabaki ndani, anakata ukuta uliobaki, kisha anaruka nje watu wakimpigia makofi. Siku ile wa mwisho alikuwa yeye. Hakuruka. Tulimpata siku ya tatu, nyuma ya miamba.

Mpima mto alikuwa darajani, akisoma namba zilizochorwa kwenye nguzo. Ni mama wa ofisi ya maji, huja kila wiki. Alimwona Fupi na beleshi, akamfuata mpaka uani.

"Shikamoo, mama," aliniambia. Kisha akamgeukia Fupi. "Kaka, mtaro wako una upana gani?"

"Hatua moja. Naruka tu."

"Ukianza ni hatua moja. Hujamaliza kuhesabu mia mbili, ni hatua kumi. Maji yenyewe ndiyo yanayochimba."

"Mimi naogelea vizuri."

"Na kaka yako je?"

Fupi akaliegemeza beleshi ukutani.

Mpima mto akainamisha beseni la kufulia. Akaziba upande wa chini kwa mchanga, akamimina maji nyuma yake. Akachora mfereji mwembamba kwa kidole. Maji yakapenya. Mfereji ukawa na upana wa kiganja, kisha kingo zikaanguka zote kwa pamoja.

"Umeona? Zinaliwa kutoka chini. Unayesimama juu huoni kitu."

"Basi tukae na kinyesi?" mkwe wangu akauliza kwa hasira.

"Hapana, dada. Maji ya kunywa na kuoshea vyombo chukueni bombani, juu ya daraja. Ya kunywa yachemsheni. Choo na matuta ya mboga hamishieni kule juu, kupita alama ya mafuriko. Ofisini nitapiga simu. Wakija na mashine ya kuchimba mchanga, hakuna mtu anayeingia mtaroni. Mto huu lazima ujae. Ninyi ndio mliojenga ndani ya bakuli lake."

Fupi aliguna, lakini alichimba choo kipya mlimani. Kazi ya siku nne. Mashine haikuja.

Siku ya tano mvua ilinyesha vilimani. Mchana, bahari ilipokupwa, tulisikia mngurumo. Fungu la mchanga lilipasuka lenyewe. Tulisimama juu tukitazama. Mlango ukawa mpana kama uwanja wa mpira. Mboga zilikwenda. Banda la kuku likakwenda. Choo kipya kilibaki kikavu, na mwaka huo hakuna mtoto wetu aliyeharisha.

Mkwe wangu alikuwa ameshika shati la mumewe kwa mikono miwili.

"Ningekuwa pale pale," Fupi akasema. Kisha akaniuliza, "Mama, siku ile nani alimtuma kaka?"

"Mimi," nikamjibu. "Maji yalikuwa yameingia jikoni. Nikamwambia afanye haraka."

Kwa hiyo kila mto unapozibika, napita nyumba kwa nyumba. Nawaambia akina mama wenzangu: hameni bondeni, na msimtume mtu mtaroni.