Kesi ya Renita na Jaji wa Nyumbani

Jumapili ile, ibada ilipokwisha, Mama Earline Tolliver aliwahi nyumbani kuliko wenzake. Alikuwa na kuku wa kukaanga, mboga za majani zilizochemshwa na nyama ya nguruwe iliyokaushwa kwa moshi, na mkate wa mahindi uliolowa siagi. Kofia yake ya kanisani, ya zambarau na yenye manyoya, hakuivua. Alipika nayo kichwani.

"Mama, manyoya yataingia kwenye sufuria," alisema binti yake, Vernell.

"Yakiingia utayala. Hapa si mahakamani kwako."

Vernell alicheka. Mji mzima wa Ledbetter, huko Mississippi, Marekani, ulimwita Jaji Tolliver. Mama yake alisafisha nyumba za watu ili yeye asome sheria. Alipohitimu, aliwatetea maskini miaka mingi. Kisha Rais alimteua awe jaji wa shirikisho, yaani wa mahakama za serikali ya nchi nzima. Maseneta walimhoji, wakapiga kura, akapita. Siku ya kiapo, Earline ndiye aliyemshikia Biblia. Kazi ile ni ya maisha. Jaji hafukuzwi kwa sababu wakubwa hawakuipenda hukumu yake.

Mezani alikuwapo pia Renita, mjukuu wa Earline, amempakata mtoto wake mchanga. Mama yake Renita, mdogo wake Vernell, alikuwa amefariki. Renita alikuwa akikata minofu katika kiwanda cha samaki. Alipokuwa mjamzito miguu ilimvimba, akaomba kiti. Msimamizi alimjibu, "Nenda ukakae kwenu, na usirudi." Tangu hapo hakupata kazi nyingine. Sheria ya nchi nzima inakataza kumfukuza mtu kwa ajili ya mimba, kwa hiyo wakili wake aliishtaki kampuni katika mahakama ya shirikisho.

Earline alimjazia mjukuu wake sahani, uso umemchanua.

"Kula ushibe, Renita. Kesi zinagawanywa kwa bahati nasibu, na yako imemwangukia nani? Jaji wako huyu hapa, anakula kuku wangu!"

Vernell aliweka uma chini. "Mama, umesema nini?"

"Wakili kaambiwa Ijumaa. Mungu hakutusahau."

"Faili sijaliona. Na kesi hiyo sitaisikiliza. Kesho asubuhi naiachia, apewe jaji mwingine. Tena tusiizungumze, hapa wala popote."

"Utampa mgeni mtoto wa mdogo wako?"

"Ndiyo, Mama."

"Nimepiga magoti kwenye sakafu za watu ili usome! Nimekuomba nini maisha yangu yote? Leo neno moja tu!"

"Bibi, basi," Renita alisema kwa sauti ndogo. "Mama Mkubwa ana sababu yake."

Earline alinyanyua sahani ya Vernell, kuku akiwa bado nusu, akaenda nayo jikoni.

Jioni alikaa barazani kwake, amenuna, kofia bado kichwani. Jirani yake, Mzee Hosea Pettway, alikuwa akimwagilia nyanya zake. Mzee huyo alikuwa karani wa mahakama hadi alipostaafu.

"Earline, leo hata salamu?"

Earline alimmwagia yote. Mzee Pettway alifunga maji, akaja kuegemea uzio.

"Hebu nikuulize. Kama jaji angekuwa shangazi yake yule msimamizi wa kiwanda, ungesemaje?"

"Ningepiga kelele mpaka Washington!"

"Na wao watapiga kelele. Sheria yenyewe inamkataza jaji kusikiliza kesi ya mtoto wa ndugu yake. Renita akishinda kwa Vernell, kampuni itakata rufaa. Ushindi utafutwa, aanze upya. Ndivyo unavyotaka?"

Earline alitikisa kichwa.

"Na jambo jingine. Walimpa kazi ya maisha ili asimwogope mtu. Rais hamwogopi. Matajiri hawaogopi. Amebaki mtu mmoja tu anayeweza kumtetemesha."

"Nani huyo?"

"Wewe, na hayo manyoya yako."

Earline alitaka kukasirika, akashindwa. Alicheka hadi akajifuta machozi. Kisha akaingia ndani na kumpigia simu binti yake.

"Vernell, kuku wako nimemhifadhi. Njoo kesho umalize. Kesi sitaitaja."

Ilipita karibu mwaka. Jaji mzee kutoka mji wa kaskazini aliisikiliza kesi. Wakili wa kampuni alisimama kwanza, akasema mlalamikaji ni jamaa ya Jaji Tolliver.

"Jaji Tolliver ameigusa kesi hii?" aliuliza jaji.

"Hapana, mheshimiwa," wakili alikiri. "Aliiachia siku ile ile alipoletewa."

"Basi keti, tuendelee."

Raia wa kawaida, walioteuliwa kuwa waamuzi, waliwasikiliza mashahidi wa pande zote. Walipokubaliana wote, walisema kampuni ilimkosea Renita. Jaji aliamuru arudishwe kazini, na apewe kiti kila anapokihitaji. Kampuni ilitafuta pa kushika ili ikate rufaa. Haikupata.

Wiki iliyofuata, Lucinda wa kwaya alibisha mlangoni kwa Earline na keki ya nazi.

"Karibu, Lucinda. Kwenu kuna nani mwenye kesi?"

Lucinda alishtuka. "Umejuaje? Ni mwanangu Dewitt. Ameshtakiwa kwa jinai, na atasimama mbele ya Vernell mwezi ujao. Nilisema labda ungemgusia tu, kama mama…"

"Kaa hapa, dada." Earline alimvutia kiti. "Vernell hagusiwi. Hata mimi sithubutu. Dewitt ana wakili?"

"Hatuna uwezo."

"Basi aiambie mahakama hivyo. Itampa wakili bila malipo. Naye Dewitt amwambie huyo wakili kila kitu, asifiche hata kidogo."

Lucinda alishusha pumzi. "Na keki niifanyeje?"

"Kaileni nyumbani. Kipande kikubwa mpe Dewitt, ili mdomo ujizoeze kufunguka kabla wakili hajamuuliza."