Ua la Shimo la Mabula

Mtu akikwambia "nakuja, dakika mbili" kila siku kwa miaka minne, utamfanya nini? Mimi nilikuwa nimechoka.

Jioni ile Huruma, binti yetu wa miaka miwili, alikuwa na homa tangu mchana. Nilimwacha kwa jirani yangu Juliana, nikashika njia ya machimboni, nje kidogo ya Nyamongo, nikamchukue baba yake tumpeleke hospitali. Simu yake haipatikani. Chini ya ardhi mtandao utoke wapi? Nilikwenda nikiongea peke yangu kama kichaa.

Jua lilikuwa linazama. Kwenye mdomo wa shimo alikaa mzee Werema, mshika kamba, na pembeni yake mlinzi ulikuwa unawaka.

Mlinzi ni mmea. Huota kwenye midomo ya mashimo ya dhahabu tu, una majani membamba na harufu ya chuma kilicholowa. Mtu akishuka, ua moja hufunguka na kuwaka kwa mwanga wa kijani. Akitoka, linazima. Wachimbaji wetu hawaandiki nani yuko chini. Wanaangalia maua.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba, Rhobi. Bado yuko chini. Nimemwita, amesema dakika mbili."

Dakika mbili! Niliweka simu yangu juu ya jiwe, nikainama shimoni.

"Usimwite jina lake," Werema alininong'oneza. "Mwite Chuma, kama sisi."

Nilijua. Kila mchimbaji ana jina la kazi, na pale shimoni hakuna anayeitwa jina alilopewa na wazazi. Wanasema huko chini si yeye peke yake anayelisikia. Lakini nilikuwa na hasira, na mimi sikuolewa na Chuma.

"Mabula! We Mabula! Mtoto anakufa huku!"



Kamba ikakaza.

Alipanda upesi kuliko siku zote, akasimama mbele yangu na gambuti zake.

"Twende, mke wangu."

Nilimpa mgongo, nikatangulia. Werema aliniita mara moja tu, kwa sauti ndogo. "Rhobi... angalia ua." Sikugeuka. Habari za maua wakati mtoto anaungua!

Njia nzima nilimsema. Kila neno alijibu, "Ndiyo, mke wangu." Mabula wangu, Msukuma anayebishana hata na redio, leo ni ndiyo tu? Nikajua nimemkomesha. Nilifurahi, Mungu anisamehe. Nyuma yangu sikusikia gambuti zikikanyaga. Nilisikia ile harufu tu, ya chuma kilicholowa.

Nyumbani alimpokea Huruma kutoka kwa Juliana. Mtoto aliyelia tangu mchana alinyamaza. Palepale. Juliana akarudi kwake. Hapo ndipo nilipokumbuka simu, na hela ya hospitali ilikuwa humo kwenye simu. Nilimwachia baba mtoto wake, nikakimbia kuifuata.

Werema hakuwepo. Alikuwa ameifunga kamba kwenye gogo, akakimbia. Simu ilikuwa juu ya jiwe. Na pembeni...

Ua lilikuwa bado linawaka.

Chini kabisa, mtu akakohoa.

"Kelele za nini huko juu? Nakuja bwana! Dakika mbili!"

Nilivuta ile kamba mpaka viganja vikachubuka. Mabula akatoka, mchafu, mkali, mkono wake wa moto. Ua likazima. Tulikimbia.

Mlango tuliukuta wazi. Huruma alikuwa kitandani peke yake, amelala, homa hakuna. Sakafuni, udongo mbichi wa shimoni.

Ni mwaka wa pili sasa. Huruma haugui. Halii, hagomi kula, ukimtuma anakwenda. "Ndiyo, mama." Mabula anasema nimshukuru Mungu kwa mtoto mtiifu. Nikimweleza, ananiambia niache ushirikina wangu wa Kikurya, tunagombana mpaka majirani wanasikia. Werema alihamia Mugumu. Nilimfuata hukohuko, nikagonga, akazima taa. Inaniuma. Aliyeona amekimbia, aliyebaki haniamini.

Lile shimo limeachwa. Hashuki mtu. Jioni huwa naenda, nakaa palipokuwa pa Werema. Kwenye shina la mlinzi kumechipuka ua dogo, dogo kama kidole cha mtoto.

Linawaka.

Ningekuwa na jina la kazi la kumwitia, ningeshamwita. Lakini yeye ni mtoto. Ana jina moja tu, nililompa mimi, na nikiliita hapa sijui atapanda nani.