Mhakiki wa Pili

"Kiprop, hii anwani ya Profesa Philipo uliitoa wapi?"

Mchumba wangu aliacha kumenya vitunguu. Ilikuwa Ijumaa, mwaka 2014, tumetoka kanisani muda si mrefu, tuko jikoni kwake mtaani Abu Hamour, huku ughaibuni ambako hata sisi Wakristo husali Ijumaa. Mhariri wa jarida la vinasaba alikuwa ameniandikia barua pepe. Nikaisoma kwa sauti:

"Kwamboka, mhakiki wa pili uliyempendekeza, Profesa Philipo, anasema hajawahi kuiona makala yako ya ugonjwa wa selimundu. Anwani ya barua pepe uliyotupa si yake. Jieleze."

"Wamekosea hao," Kiprop akasema.

"Wamekosea nini? Fomu ya kutuma makala uliijaza wewe, mimi nikiwa maabara. Anwani ni ya nani?"

Akarudi kwenye vitunguu vyake.

"Si nakuuliza!"

"Ni yangu. Niliifungua kwa jina lake."

Haki ya Mungu! Nikakaa juu ya gunia la mchele. Sisi waandishi hupendekeza wahakiki wa kuipima makala, lakini hatuambiwi ni nani hasa aliyeisoma. Kumbe wangu nakula naye kila siku!

"Kwa hivyo aliyesema vipimo havitoshi, nirudie sampuli zote mia mbili..."

"Ni mimi."

"Miezi mitatu, Kiprop! Nimelia kwenye hilo bega lako nikimlaani huyo mtu! Na wewe unanibembeleza, 'pole mpenzi, wahakiki ni wakatili'!"

"Kandarasi yako ilikuwa inaisha. Makala ingepita mapema, ungerudi nyumbani Kisii. Nilijua ukipewa marekebisho, maabara watakuongezea muda, na wakakuongezea. Nilitaka tu ubaki na mimi."

"Si ungeniomba nibaki?"

"Niliogopa utakataa."

Hebu ona mwanaume! Nikaanza kumwandikia mhariri: "Utafiti ni wangu. Mhakiki alikuwa mchumba wangu, nami nimejua leo. Naiondoa makala."

"Kwambo, tafadhali usitume. Kazini wakijua, watanifuta."

"Na mimi je? Wataniita mlaghai! Miaka minne ya jasho langu!"

Nikatuma. 

Kiprop akashika kichwa. "Na harusi yetu ya Desemba?"

"Nakupenda, na hilo ndilo linaniua. Lakini harusi hakuna. Na makala nitaipeleka kwingine, safari hii isomwe na mtu asiyenipenda."

Nikachukua mkoba wangu, nikatoka.