Uyoga Ambao Bibi Hakuujua

Kila Jumamosi Chiriku alifagia ua, akamwagilia bilinganya, kisha akamchana bibi yake nywele. Jina hilo la ndege alipewa kwa sababu mdomo wake haukujua kupumzika. Lakini leo alichana kimya.

"Umemeza kufuli?" bibi akamtania.

"Hapana, bibi. Nataka upendeze kwenye filamu."

Shangazi yake alikuwa mtengenezaji wa filamu. Alikuwa amekuja kumrekodi mama yake, yaani bibi huyu, akichuma uyoga wa porini, maana wazee wanaoujua vizuri walikuwa wamebaki wachache. Tatizo, mvua ilikuwa imechelewa na uyoga haukuwa umeota, na shangazi alitakiwa kurudi mjini jioni ile ile. Chiriku naye alikwisha kulitangazia darasa zima kwamba bibi yake ataonekana. Basi asubuhi na mapema alimwomba jirani yao, muuza mboga, uyoga kidogo ule unaooteshwa bandani, akaenda kuuchomeka kwenye kichuguu nyuma ya shamba.

Walipofika pale, mpiga picha aliyekuja na shangazi aliruka kwa furaha. "Bahati iliyoje! Haya bibi, kamera inakuona."

Bibi akapiga magoti. Akang'oa uyoga mmoja, akaunusa, akaugeuza, akaunusa tena.

"Mama, waeleze watoto watakaotazama," shangazi akasema. "Wataujuaje uyoga unaofaa kuliwa?"

"Huu siujui," bibi akajibu taratibu.

"Huu huu uliotulisha tangu utoto wetu?"

"Siujui, mwanangu."

Mpiga picha akazima kamera. "Ni uzee, dada," akanong'ona. "Tutafute mzee mwingine."

Shangazi alichuchumaa, akaanza kumpangusa mama yake udongo vidoleni, machozi yakimlengalenga. "Umeanza kusahau tangu lini, mama? Mbona hamkuniambia?"

Chiriku angenyamaza, hakuna ambaye angejua. Lakini bibi alikuwa akikitazama kiganja chake kama mtu anayejitilia shaka.

"Bibi hajasahau!" akapasuka. "Ni mimi niliyeuchomeka! Ni wa bandani!"

Bibi akashusha pumzi ndefu. "Afadhali. Nilidhani pua yangu imestaafu. Wa kichuguu una shina refu linalozama chini kabisa, na unanukia udongo. Huu unanuka pumba za kuoteshea."

"Nisamehe, bibi," mpiga picha akasema. "Kumbe aliyezeeka ni mimi."

"Basi nitakutafutia mkongojo," bibi akamjibu, wote wakacheka.

Shangazi akaiwasha kamera yeye mwenyewe, mbele ya kichuguu kitupu. Bibi akaeleza kwamba mvua hunyesha kwanza, kumbikumbi wakaruka, ndipo uyoga ukachungulia. Na uyoga usioujua, alisema, usiutie mdomoni hata ukiwa na njaa ya namna gani.

Walipomaliza, shangazi akamvuta Chiriku karibu. "Najua ulitaka bibi yako ang'ae. Lakini mtoto fulani angeitazama filamu yetu, akachuma uyoga wowote mweupe juu ya kichuguu, akala sumu. Na mimi ningeondoka hapa nikiamini mama yangu anapotewa na akili. Uwongo hata ukiutunga kwa mapenzi, hujui utamwumiza nani. Leo umejisema mwenyewe kabla mambo hayajaharibika. Fanya hivyo siku zote, hata kama miguu inatetemeka."

"Inatetemeka mpaka sasa, shangazi."

"Basi njoo, mpanda uyoga wangu," bibi akamnyooshea mkono. "Tushikane, mvua ikija nitakuonyesha wa kweli."