Mwanaume Aliyefundishwa Kusahau

Jumamosi ya kuamkia Pasaka, soko kuu la Baltimore lilikuwa limefurika. Harufu ya kaa waliochemshwa kwa viungo ilikutana na manukato ya akina mama wa kanisa, na katikati ya msukumano huo Rochelle Gaskins alikuwa amesimama nyuma ya meza ya kofia. Alivaa gauni la njano lililomkaa vizuri kiunoni, na nywele zake za kusuka alikuwa amezifunga juu. Kofia zile alizishona na mama yake. Zilikuwa kofia za kuendea kanisani, pana kama sinia, zenye manyoya, utepe na maua ya hariri.

Mwanaume mmoja mrefu, wa mabega mapana, akasimama mbele yake.

"Dada, natafuta kofia ya bibi yangu."

"Kichwa chake kina ukubwa gani?"

Yule mwanaume akafikiri, kisha akainua mikono yake miwili kama aliyeshika kitu. "Hivi."

"Hivi ngapi?"

"Hivi hivi. Nimemkumbatia maisha yangu yote, kichwa chake nakijua kwa mikono."

"Kaka, hilo ni tikiti maji."

"Hujamwona bibi yangu wewe."

Rochelle akacheka mpaka akashika meza. Jamaa naye akachukua kofia ya zambarau, akaivaa mwenyewe, akageuza shingo huku na huku kama mama mchungaji. Hapo muuza samaki wa jirani akapiga kelele.

"Moultrie! Jamani, huyu si Tavaris Moultrie! Namba ishirini na nne!"

Watu wakaanza kutoa simu zao wapige picha. Rochelle akamkazia macho. "Kumbe wewe ni mtu mkubwa?"

"Leo mimi ni mtu mwenye kofia ya zambarau tu. Hujui mpira?"

"Mpira unachezwa Jumapili. Sisi Jumapili tupo kanisani."

"Basi nipe namba yako ya simu. Bibi akilalamika, ajue wa kumpigia."

Jioni simu ikalia.

"Bibi analalamika," sauti ikasema.

"Kofia haijafika hata posta!"

"Ndiyo hicho anacholalamikia, kuchelewa."

Mambo yakaanzia hapo. Tavaris alikuwa beki wa pembeni wa timu ya mji katika mpira wa Kimarekani, ule wa kurushwa na kushikwa kwa mikono. Kazi yake ilikuwa kumkaba mdakaji wa wapinzani, akimbie naye bega kwa bega, na mpira ukirushwa asiache yule aushike. Mabeki wengi miguu huwaishia msimu wa tatu au wa nne. Yeye alikuwa anaingia msimu wa kumi na moja. Aliamka kabla ya jua, akajitumbukiza kwenye pipa la barafu, kisha akakaa mbele ya video akiangalia miguu ya watu atakaowakaba, akirudia na kurudia, mpaka akajua nani huvuta pumzi kabla ya kukata kushoto.

"Nani alikufundisha kukimbia hivyo?" Rochelle alimwuliza siku moja, wamekaa bandarini wanakula aiskrimu.

"Sungura. Kwetu Belle Glade, Florida, miwa huchomwa moto kabla ya kukatwa. Moto ukiwaka sungura wanatoka mbio, na sisi watoto tunawakimbiza kwa mikono mitupu. Sungura anakudanganya kwa kichwa na miguu, lakini kiuno hakidanganyi. Ukimwangalia kiunoni, unajua anakwenda wapi."

"Ndiyo maana na mimi unaniangalia kiunoni?"

"Wewe? Hapo sipo kazini, malkia wangu."

Majira ya joto yakapita wakicheka hivyo. Msimu ukaanza. Jumapili moja ya Oktoba, dakika ya mwisho kabisa, mdakaji wa wapinzani alimpita Tavaris, mpira ukamwangukia mikononi, na timu ya mji ikashindwa kwenye uwanja wake. Watu elfu sabini walimzomea.

Jioni hiyo alikuwa amealikwa kwa Mama Earline, mama yake Rochelle. Akaja, amevaa suti ya kijivu, uso umefunga. Mezani kulikuwa na keki za kaa, makaroni ya jibini na sukuma wiki iliyopikwa na nyama ya kuvuta moshi. Mjomba Linwood, kaka yake Mama Earline, alijizuia mpaka ikamshinda.

"Kijana, yule bwana alikupita kama basi linavyompita abiria!"

Hakuna aliyecheka. Rochelle akaweka mkono begani kwa Tavaris. "Mjomba, mwache. Ni kosa moja tu. Hata mimi hushona utepe, nikaufumua, nikaanza tena."

Tavaris akavuta bega lake. "Usilinganishe. Wewe kazi yako ni kushona maua kwenye kofia za vikongwe. Ukikosea, nani anakuzomea?"

Mama Earline akaweka kijiko chini. Kofia hizo ndizo zilizomlea Rochelle tangu baba yake alipofariki, na ndizo zilizolipia nyumba waliyokuwa wamekaa ndani yake. Tavaris akasimama, akachukua koti, akaondoka. Sahani yake ilikuwa imejaa.

Asubuhi simu ikalia.

"Malkia wangu, umeamka? Nimeota unanikaangia samaki, nikaamka nalamba vidole." Sauti ilikuwa nyepesi kama ya mtu aliyetoka likizo.

"Tavaris, na jana?"

"Jana nini?"

"Ulichosema mbele ya mama."

"Aa, mpenzi. Jana imekwisha. Mimi jana siibebi. Leo tunaanza upya."

"Unaanza upya na nani?" Rochelle akakata simu.

Tavaris akaleta maua. Akaleta kapu la mapeasi. Akaleta maua mengine. Katika vyote hivyo hapakuwa na neno hata moja kuhusu ile meza.

"Mwanangu, maua yamejaa mpaka bafuni," Mama Earline alisema. "Hutampokea?"

"Mama, mimi sitaki maua. Nataka aseme alichosema. Leo nikimpokea hivi hivi, nitakaa miaka arobaini na mtu anayenichoma usiku, asubuhi anaimba."

Jumapili ya tatu, baada ya ibada, Rochelle alimkuta Mjomba Linwood mbele ya televisheni. Akakaa, huku akijifanya anakunja nguo. Mara mpira wa kwanza ukarushwa, na mdakaji akampita Tavaris. Tavaris akapiga makofi mawili, akarudi mahali pake.

"Unaona hayo makofi?" Mjomba akasema. "Ndiyo kusahau. Hufundishwa hivyo tangu watoto. Beki akianza kulifikiria kosa, anachelewa hatua moja, na hatua moja ndiyo pointi zenyewe. Huyu bwana kwa kusahau hana mwenzake. Ndiyo maana amedumu."

Rochelle akaacha kukunja. Kumbe haikuwa dharau. Kumbe alikuwa anampigia makofi mawili na yeye, kisha anarudi mahali pake.

Lakini mpira wa pili nao ukampita. Wa tatu ukampita. Kamera ikamwonyesha amesimama, mikono kiunoni, anaangalia nyasi. Kocha akamtoa, akaingiza kijana mpya.

"Leo hasahau," Mjomba akasema polepole. "Kuna kitu kimemkaa moyoni."

Kesho yake magazeti yaliandika kwamba miguu ya Moultrie imekwisha, na kwamba akivurunda Jumapili moja tena kijana atachukua nafasi moja kwa moja. Rochelle alijua si miguu. Alishika simu. Akimpigia na kumwambia yamekwisha, Tavaris angesahau, angecheza vizuri, na nafasi yake ingebaki. Ila angesahau pia kosa lenyewe, na lingerudi siku nyingine likiwa kubwa zaidi. Aliiweka simu, akaichukua, akaiweka tena. Hakupiga.

Jumanne ndiyo siku ya wachezaji kupumzika. Siku hiyo duka lao la kofia, Mama Earline akiwa anashona kando, lilijaa, maana Sikukuu ya Wanawake kanisani ilikuwa imekaribia. Akina mama saba walikuwa mbele ya kioo wakijaribu kofia, huku wakibishana kuhusu rangi ya kijani. Mlango ukafunguka. Tavaris akaingia, kichwa ameinamisha asigonge fremu.

"Rochelle, nimekuja kusema."

"Sema."

"Tutoke nje kidogo."

"Ulisema mezani, mbele ya mama. Sema hapa hapa."

Watu elfu sabini walimzomea bila yeye kupepesa macho, lakini sasa jasho lilimtoka mbele ya wanawake saba wenye kofia.

"Nilisema kazi yako ni kushona maua kwenye kofia za... kwenye kofia za..."

"Za nani?"

"Za vikongwe."

Bi Hortense, kiongozi wa kwaya, akavua miwani yake taratibu.

"Kijana, unamwona kikongwe gani humu ndani?"

"Hakuna, mama."

"Angalia vizuri."

"Hakuna kabisa, mama. Nimeangalia."

Mmoja akakohoa kicheko. Tavaris hakucheka. Akamgeukia Rochelle.

"Nilikuwa na aibu ya kupitwa, na wewe ndiye uliyekuwa karibu, nikakutupia wewe. Bibi yangu alinilea kwa kufua nguo za watu. Jumapili akivaa kofia yake, mtaa mzima ulimwamkia. Kwa hiyo nilijua kabisa ninachokitukana, nikakitukana. Nimefundishwa kusahau tangu nina miaka kumi, lakini hili limekataa kusahaulika. Nikiwa uwanjani naliona. Naomba unisamehe." Akamgeukia Mama Earline. "Na wewe mama. Nilikutukana ndani ya nyumba yako."

"Umechelewa," Mama Earline akasema, sindano mdomoni. "Lakini umefika."

Rochelle alitaka kusema maneno mengi aliyoyapanga wiki zote hizo. Yalimtoka machache.

"Sikukuomba ukumbuke kila kitu. Uwanjani sahau unavyotaka, hiyo ni kazi yako na naiheshimu. Ila ukiniumiza, usiamke unaimba."

"Nimesikia."

"Basi nenda kajiandae. Jumapili nitakuja kukutazama."

"Jumapili?" Bi Hortense akashtuka. "Na kwenye kwaya yetu sauti ya kwanza nani ataimba?"

Jumapili hiyo ya Novemba baridi ilikuwa kali. Rochelle aliingia uwanjani na koti jekundu la sufu na kofia nyeupe ya kanisani, amekaa katikati ya watu wenye fulana za timu.

"Dada, hiyo kofia ni paa la nyumba!" mmoja wa nyuma akalalamika. "Tunaona manyoya tu!"

Wapinzani walikuwa wamesoma magazetini kwamba beki huyu amekwisha, wakarusha mpira upande wake mapema. Mdakaji akampita, pointi zikaingia, na uwanja mzima ukazomea. Rochelle akafumba macho. Alipoyafumbua, Tavaris alikuwa anapiga makofi mawili. Akarudi mahali pake. Mpira wa pili ukaja upande wake, akaupiga kofi ukaanguka chini. Wa tatu vilevile. Baada ya hapo haukuja tena.

"Mbona sasa hafanyi kitu?" Rochelle akamwuliza jirani yake.

"Dada yangu, wanamwogopa! Mrushaji hata kumtazama hamtazami."

Dakika ya mwisho timu ya mji ilikuwa mbele kwa pointi tatu. Wapinzani hawakuwa na njia nyingine tena, wakarusha mpira mrefu upande wake. Tavaris alikimbia na mtu wake bega kwa bega. Mdakaji akatikisa kichwa kulia, akacheza miguu kulia. Tavaris hakudanganyika, akageuka kushoto pamoja naye, akaruka. Alipoanguka, mpira ulikuwa kifuani mwake. Rochelle akajikuta amevua kofia yake anaipunga hewani huku akipiga kelele ambazo kwaya haikuwahi kuzisikia.

Familia za wachezaji husubiri kwenye korido chini ya majukwaa. Tavaris akatoka akichechemea, barafu imefungwa begani, koti ametupia juu tu.

"Malkia, uliona?"

"Niliona ulivyopitwa."

"Lini?"

Wakaangaliana, wakaangua kicheko wote wawili. Kisha Tavaris akashika mkono wake, akapiga goti pale pale kwenye sakafu ya saruji, mbele ya wake za wenzake na watoto wao.

"Pete iko nyumbani ndani ya soksi. Sikupanga iwe leo. Lakini nimekuona na hiyo kofia kule juu, nimeshindwa kusubiri. Rochelle, utaolewa na mimi?"

"Nitaolewa na wewe."

Korido ikalipuka kwa vigelegele. Watoto wakapiga makofi. Tavaris akabaki pale pale chini.

"Mpenzi, inuka basi, nimeshakubali."

"Siwezi," akanong'ona. "Goti limekataa."

Wenzake wawili, majitu ya mstari wa mbele, wakasogea wamnyanyue.

"Mwacheni," Rochelle akasema. Akampa mama mmoja kofia yake ashike, akakaza visigino sakafuni, akamshika mikono yote miwili, akavuta.